Nyongeza ni haki ao ni zawadi?

Desturi nyingi za kwetu zimekwisha kuandikwa: ndoa na mahari, kilio, majina ya mapacha, heshima ya muzee mbele ya vijana. Lakini kuna desturi moja tunayoishi nayo kila siku na ni wachache wanaoiandika, ni kusema namna tunavyopima vitu sokoni. Huku kwetu Kivu mama wa soko hauzishi sana maharagi kwa kilo, anauzisha kwa guigoz. Mutu akiuliza «guigoz ni ngapi?», hakuna anayemurudishia ulizo kwamba guigoz ni kitu gani. Na mbele ya kufungua mufuko atasema neno lingine ambalo kila mutu analijua: «Ongeza, mama.» Tunataka kuzungumza juu ya maneno haya mawili, guigoz na nyongeza, kwa sababu ndani yake muna ulizo zito kuliko linavyoonekana. Ile nundu ya maharagi inayosimama juu ya mukebe, ni mali ya nani?

Mukebe wenyewe, kama wazazi wetu wanavyojua, ulikuwa wa maziwa ya unga ya watoto. Maziwa hayo yalianzia Uswisi mwanzoni mwa karne ya 20, na jina ni la Maurice Guigoz aliyeyatengeneza. Yalipofika huku, mama aliyemaliza kumupa mutoto maziwa hakutupa mukebe. Alitia ndani sukari, munyu, shindano na uzi. Kisha siku moja mukebe ukaenda sokoni. Hakuna mwami aliyetangaza, hakuna mutawala aliyetia sahihi. Uliingia kwa nguvu yake yenyewe: mikebe yote ilikuwa na kimo kimoja, haivunjiki ikianguka, na kila nyumba iliijua. Watu wawili wasiojuana, mumoja ametoka Walungu na mwingine Kalehe, waliweza kuuziana bila kubishana kama watatumia kikapu cha nani. Leo kuna watoto wanaosema guigoz tangu walipoanza kutumwa dukani, na yale maziwa hawajayaonja hata siku moja.

Vipimo vingine vyetu ni vivyo hivyo. Mafuta ya mawese yanapimwa kwa chupa ya Primus, ile ya sentilita 72, ambayo ilitengenezwa kwa ajili ya bia. Kinshasa wana ekolo, neno ambalo kwa Kilingala ni kikapu, lakini ekolo ya sokoni inaweza kuwa beseni ya plastiki. Lubumbashi wanapima bunga kwa meka. Na kwa wachimbaji wa zahabu wa upande huu wa mashariki utasikia tola, kipimo kilichotoka India, karibu gramu 11,66, na chini ya tola wanatia kwenye mizani ndogo vipande vya feza za zamani ao njiti za kiberiti. Njiti ya kiberiti! Mutu anauzisha jasho la wiki nzima kwa uzito wa njiti.

Wasomi wamoja wanacheka mambo haya. Wanasema ni vipimo vya kubuni, ni vya watu wasiosoma, na kwamba kipimo cha kweli ni kilo na mita ambazo sheria ya inchi inazijua. Sisi hatukubaliani nao, na tunaomba watuvumilie kidogo tueleze. Mwaka wa 1791 wataalamu wa Ufaransa walikubaliana kwamba mita iwe sehemu moja kati ya milioni kumi ya njia inayotoka kwenye ncha ya kaskazini ya dunia mpaka kwenye ikweta. Delambre na Méchain walitumwa kupima kipande cha njia ile kati ya Dunkerque na Barcelone, kazi iliyoanza 1792 na kuchukua karibu miaka saba. Hesabu ilitoka na kosa: mita ikawa fupi kwa sehemu ndogo ya milimita kuliko walivyotaka. Je, waliirefusha walipogundua? Hapana. Dunia ilikuwa imekwisha kuizoea.

Kilo nayo, tangu 1889 mpaka 2019, ilikuwa kipande kimoja cha platini na iridi kilichofungiwa Sèvres, karibu na Paris, na nakala zake zilipelekwa kwenye inchi mbalimbali. Walipokuja kuzilinganisha waliona kwamba uzito hauendi tena sawasawa. Tofauti ilikuwa ndogo mno, kama milioni 50 za gramu, ni kusema gramu moja ikikatwa vipande milioni, tofauti ni vipande 50. Lakini hakuna aliyeweza kusema kama ni nakala zilizonenepa ao ni mama yao aliyekonda. Na kwa sheria mama hakuweza kukonda, maana yeye ndiye alikuwa kilo. Tarehe 20 Mei 2019 waliacha kile chuma na kushika hesabu ya fizikia isiyozeeka. Kumbe hata wale wa Sèvres waliishi miaka 130 wakiwa na mukebe wao ndani ya sanduku.

Kuna pia kitabu ambacho wengi walikisoma shuleni kwa Kifaransa, Safari za Gulliver, kilichoandikwa na Jonathan Swift na kutoka 1726. Swift alibuni inchi ya watu wenye kimo cha kama sentimita 15, na alipokwisha kuwapa mufalme, jeshi na mabishano yao, aliona inchi haitasimama bila vipimo. Akawapa glumgluff. Bahari iliyo kati yao na maadui zao, mahali penye kina kikubwa, ina glumgluff 70. Kwa wao hiyo ni bahari ya kuzamisha merikebu. Kwa Gulliver ni maji yanayofika kichwani: anatembea, anaogelea kidogo katikati, anafika ngambo. Swift alikuwa anacheka, lakini sisi tunaona aligusa kitu cha kweli. Kipimo kinaanzia kwa mwili na haja ya wale wanaokitumia. Guigoz moja ya maharagi, kwa nyumba fulani ni chakula cha mchana. Kwa nyumba nyingine ni chakula cha siku nzima na pengine cha kesho asubui.

Basi guigoz haina kosa la kubuniwa. Uongo unaingia kupitia mulango mwingine.

Kilo inapimwa na mizani, lakini mukebe unajazwa na mukono. Hapo ndipo kuna kazi. Maharagi yakimwagwa polepole yanaacha nafasi kati yake. Mukebe ukigongwa chini mara mbili, yanashuka na nafasi nyingine inapatikana juu. Bunga ndiyo mbaya zaidi: ikiwa imechungwa sasa hivi ni nyepesi kama pamba, ikikandamizwa na vidole mukebe uleule unakula karibu nusu nyingine. Kwa hiyo kila mama ana mukono wake, na wanunuzi wanaujua. «Ule anapima na roho.» «Ule mwingine mukono wake iko mwepesi.» Hata mutoto anayetumwa anaambiwa aende kwa nani.

Watu wa pwani, ambao Kiswahili chetu kilitoka kwao, walikuwa wamekwisha kuona shida hii. Walikuwa na kibaba, na vibaba vine vilifanya pishi. Lakini walitenganisha kibaba cha tele, ambacho kina nundu juu, na kibaba cha mfuto, ambacho juu yake kimepanguswa na kuwa sawa na ukingo. Mutu alisema tangu mwanzo anauzisha kipi. Tunaona hiyo ilikuwa akili kubwa. Ufaransa pia, mbele ya ile mita, wakulima walilalamika kwamba bwana wa shamba anapokea ngano kwa kipimo chenye nundu na kipimo chake kinazidi kupanuka, na malalamiko hayo yaliandikwa 1789 kwenye madaftari yaliyopelekwa kwa mufalme. Ulizo letu la «ongeza, mama» lilikuwa kati ya mambo yaliyowasukuma watu kutafuta kipimo kimoja kwa wote.

Sasa tuseme juu ya mukebe wenye tumbo. Kila anayekwenda Kadutu ao soko lingine lolote amekwisha kuuona. Muuzaji anachukua jiwe na kugonga kitako cha mukebe kutoka chini, kitako kinaingia ndani na kufanya kama kilima. Ukiangalia kutoka juu wakati umejaa huoni kitu. Wengine wanakata ukingo na kuukunja upya. Mununuzi mujanja anapitisha kwanza vidole ndani, halafu anasema bila kukasirika: «Mama, hii guigoz yako ilishaka konda.» Na mama anajibu: «Kiliya yangu, hata mimi nilishaka konda. Bei iko ngumu.» Wote wawili wanacheka. Sisi pia tulicheka mara nyingi. Lakini kuna kitu hapo ambacho si cha kucheka.

Mama anayepandisha bei anasema wazi. Anakuambia: jana ilikuwa hivi, leo ni hivi, ukiweza nunua, usipoweza enda kwa mwingine. Hata yule anayeacha guigoz na kuanza kuuzisha kwa kikombe cha chai, kama ilivyoonekana wakati wa vita vya 1996 mpaka 2003 barabara zilipokatika, hakudanganya mutu. Alichukua kipimo kingine na kikombe kina jina lake. Lakini anayegonga kitako anashika jina lilelile, bei ileile, na kubadilisha kitu kilicho ndani ya neno. Hamuibii tu yule aliye mbele yake. Anawaibia wauzaji wenzake wote, maana kesho mununuzi atakapofika kwa mama mwenye mukebe muzima ataingiza vidole kwake pia. Heshima ya neno guigoz ilijengwa na watu wengi kwa miaka mingi, na jiwe moja linatosha kuipunguza.

Vitabu vya dini vinajua jambo hili. Sheria ya Musa inakataza mawe mawili ya mizani ndani ya mufuko mumoja. Luka, akitaka kuonyesha ukarimu, anachukua mufano wa kipimo cha sokoni kilichosukwasukwa na kukandamizwa mpaka kinafurika. Ni wazi alikuwa amesimama mbele ya mama wa nafaka. Na ndugu zetu Waislamu wa Kasongo wanajua kwamba Korani ina sura nzima, ya 83, inayoitwa kwa jina la wale wanaopunguza vipimo.

Lakini tusikimbilie kumuhukumu mama. Tumusikilize kwanza. Gunia alilonunua kwa mukubwa wa biashara lilishonwa likiwa na nafasi juu. Aliambiwa ni kilo mia, na hakuna aliyempimia. Njiani kulikuwa na vizuizi, na kila kizuizi kilikula. Sokoni analipa kodi ya meza asubui, na wakati mwingine mutu mwingine anakuja saa sita na kijitabu kingine. Jioni ni zamu yake ya likilimba na wenzake wanangojea. Anasema: wale wa juu walinipunguzia, wapi nitapata kile kilichopunguka isipokuwa kwa wale wa chini? Hii si hoja ya mwizi. Ni hoja ya mutu aliyefanya hesabu.

Tumebishana sana juu ya jibu lake, na wamoja kati yetu mpaka leo wanamupa haki. Wengi wetu tunamujibu hivi. Mutu mwenye feza hanunui kwa guigoz. Ananunua gunia, anatafuta mizani, ana kijana wa kubeba na wa kuangalia. Anayenunua guigoz moja ni yule ambaye leo hana feza za guigoz mbili. Na yule anayenunua nusu ndiye mwenye shida kuliko wote. Kwa hiyo kile kitako kilichogongwa hakirudishi hasara kwa aliyeileta. Kinaishusha hatua kwa hatua mpaka kwa yule ambaye chini yake hakuna tena mutu wa kupunguziwa, isipokuwa watoto wake kwenye sahani. Tunamuelewa mama, lakini hatuwezi kusema amefanya sawa.

Wasomi watasema: mnaona? Leteni mizani, yote yatakwisha. Tungependa iwe hivyo. Lakini inchi hii imekwisha kuishi na mizani. Wakati wa Leopold II, 1885 mpaka 1908, kwenye maeneo ya kampuni kama ABIR mwanakijiji alipaswa kuleta mpira wa pori kwa uzito uliowekwa. Aliyepunguza alichapwa kiboko ao alifungwa, na kuna mahali wake za watu walishikwa rehani mpaka mpira utimie. Roger Casement, konseli wa Uingereza, aliyaandika ndani ya ripoti iliyotolewa 1904. Nyuma yake, tangu 1917, ikafika pamba ya lazima, na mulimaji akasimama mbele ya mizani ambayo hakufundishwa kuisoma, huku mutu mwingine akiandika hesabu. Kilo ya Sèvres ilikuwa kilo. Haikuwa na tumbo. Na wazee walirudi nyumbani wakijua kwamba wameibiwa.

Hata mbele ya hapo, soko la Nyangwe kandokando ya Lualaba. Livingstone aliliona 1871, na alishangazwa na wingi wa wanawake waliofika kuuza samaki, muhogo na vyungu. Wafanyabiashara wa kutoka pwani walikuwa na frasila yao, karibu kilo 16, ya kupimia pembe za tembo. Tarehe 15 Julai 1871 watu wao walifyatua bunduki katikati ya soko lile, na mamia walikufa, wengi kwa kuzama mutoni. Livingstone anaeleza kwamba mbele ya risasi ya kwanza aliona mumoja wao akigombania kuku na muuzaji. Kuku mumoja. Hakukukosekana kipimo siku ile.

Tunarudia sasa kwa nyongeza. Tuseme ni haki. Basi mununuzi anaweza kuidai, na mama akikataa amekosa deni. Lakini angalieni kinachotokea: ile ngumi ya maharagi ikiwa deni, inakuwa sehemu ya mukebe. Mama ataihesabu ndani ya bei, na mununuzi akiisha kuipata atasema tena «ongeza.» Tumeona hivyo kabisa. Nundu inamwagwa ndani ya kapu, kapu bado linafunguliwa, macho bado yanangojea. Nyongeza haikubali kuhesabiwa. Ukiihesabu, inahamia hatua moja mbele.

Tuseme basi ni zawadi. Zawadi inatolewa kwa anayependwa. Mama atamupa ngumi mbili yule kiliya mwenye viatu vizuri anayenunua guigoz tano, ili arudi kesho, na mujane wa nusu guigoz atapanguswa sawasawa na ukingo, kibaba cha mfuto. Na hakuna wa kumuhukumu, maana mutu anatoa zawadi anapotaka. Lakini watu wanamuhukumu! Soko nzima inasema ule mama ana roho mbaya. Kumbe ndani yetu hatuamini kwamba ni zawadi tu.

Sisi tunafikiri inafanana na salamu. Hakuna korti itakayokufunga kwa sababu umepita bila kumuamkia muzee, na yule muzee hawezi kukudai salamu kwa nguvu, maana salamu ya nguvu si salamu. Hata hivyo ulikuwa na deni, na wewe mwenyewe unajua. Mukebe ni deni la mama kwa mununuzi wake. Nyongeza ni deni lake kwa soko, kwa ujirani. Anachagua atamulipa nani na kiasi gani, lakini hachagui kama analipa. Na kama anachagua, tungependa mukono uegemee upande wa yule wa nusu guigoz. Tunajua mara nyingi inakuwa kinyume.

Kuna jambo moja ambalo kwetu limekuwa baya kuliko kitako chenyewe. Ni pale mama anapogonga kitako na kuongeza kwa mukono mukubwa. Anajaza nundu ya kupendeza, anatupia ngumi nyingine juu, anasema «na hii ya mutoto», mununuzi anafurahi na kushukuru. Kile alichopewa juu hakifiki kile alichonyimwa chini. Mwenye mukebe uliokonda na mukono mukavu, unamujua, unamukimbia. Huyu anachukua kitu kilicho chema kati yetu na kukifanya kifuniko. Tena mununuzi anabaki na deni la shukrani kwa aliyemuibia. Muzee mumoja wa kwetu, tulipomuuliza, alisema kwa sauti ya chini: «Ule ananyima mara mbili.» Hakuongeza neno.

Sasa mizani inaingia sokoni polepole. Kwenye nyama ya ngombe imekwisha kuzoeleka, na wauzaji wa muchele wamoja wanayo. Tumesimama pale kuangalia. Muuzaji wa nyama anatia vipande, sindano inapanda mpaka kwenye kilo na kusimama, sawasawa kabisa, mununuzi ameiona kwa macho yake na hakuna anayebisha. Halafu mununuzi anasema: «Ongeza kidogo, papa.» Na papa anakata kipande cha mafuta ao cha utumbo, anakitupia juu, sindano inapita kilo, wala hawaiangalii tena, wameanza kutafuta kifungashio.